Wako Wapi Watu wa Mji? Maneno juu ya Shairi la Mji na Filamu

Yafuatayo ni maneno juu ya jambo ambalo laweza kuonekana geni katika kijitabu cha ukumbusho cha Waislamu wa Gisenyi, nalo ni namna ya kulichukua shairi lililotungwa juu ya mji na kulitia katika filamu.

Nusu ya jambo hili ni ya kale mno, na nusu yake ni ya juzi. Ya kale ni shairi. Waarabu, kabla ya kuja Uislamu, walikuwa na desturi ya kufungua kasida zao kwa kusimama mbele ya mabaki ya kambi iliyohamwa. Mshairi huwasimamisha wenzake na ngamia wao, akatazama mawe matatu ya jiko yaliyogeuka meusi, na alama ya mtaro uliozunguka hema, akawauliza waliokaa hapo wamekwenda wapi. Baada ya karne nyingi desturi hiyo ikakua, kambi ikawa mji. Katika karne ya kumi na tatu Abu al-Baqa al-Rundi, mtu wa Ronda katika Andalusi, aliililia miji ya Waislamu iliyokuwa ikianguka mmoja baada ya mmoja, akaitaja kwa majina yake, Valencia na Murcia, Cordoba na Seville, kama mtu awatajaye jamaa zake katika matanga.

Na Waswahili wana shairi lao. Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir wa Pate, mmoja wa masharifu wa kisiwa hicho katika visiwa vya Lamu, alitunga Al-Inkishafi mnamo mwanzo wa karne ya kumi na tisa. Pate ilikuwa imetawaliwa na masultani wa Nabahani, nayo ilikuwa na utajiri wa biashara ya bahari. Kisha zikaja fitina za ndani na vita na majirani, na pigo kubwa likawa vita vya Shela, kiasi cha mwaka 1812, ambavyo watu wa Lamu waliwashinda Wapate na wenzao wa Mombasa. Majumba ya mawe yakabaki bila ya wenyewe. Sharifu huyu akayatazama, akausemesha moyo wake. Mtu akumbuke neno hili, kwani litarudi: hakuwasemesha maiti, wala hakuwasemesha jirani zake, bali moyo wake mwenyewe, akiuuliza kwa nini haujaamka baada ya kuyaona yote hayo.

Nusu ya juzi ni filamu, na hapo yahitaji maelezo kidogo. Watu wengi wakisikia neno filamu hufikiri kisa: kijana, msichana, adui, mapigano, na mwisho wake harusi au mauti. Lakini iko aina nyingine ambayo haina kisa wala mashujaa. Mtengenezaji wake huchukua picha za vitu, kama maji, ukuta, mkono wa fundi, moshi, akazipanga moja baada ya moja kama mshairi apangavyo mishororo yake, na maana hutoka katika mpangilio huo. Wenye fani huiita filamu ya majaribio. Jina lenyewe si zuri sana, maana humfanya msikiaji adhani kwamba mwenye kazi hajui atendalo. Na hali mashairi nayo yalikuwa majaribio siku moja, hata masikio yakayazoea.

Filamu ya kwanza ya namna hii katika Marekani, kwa hesabu ya wengi waliosoma historia ya sinema, ilitokana na mashairi ya mji. Mwaka 1920 mchoraji mmoja, Charles Sheeler, na mpiga picha mmoja, Paul Strand, walipanda juu ya majumba marefu ya New York pamoja na kamera yao. Walichokipata kilionyeshwa mwaka 1921, nacho ni filamu ya kiasi cha dakika 10, isiyo na sauti, iitwayo Manhatta. Hufunguka kwa chombo cha kuvukia watu kikifika gatini, na umati ukimwagika kutoka ndani yake. Kisha huja majumba, mvuke na moshi, wajenzi wakichimba msingi, reli, na daraja la Brooklyn. Na mwisho jua hutua juu ya maji. Katikati ya picha zimetiwa kadi zenye maneno ya Walt Whitman, mshairi mkubwa wa Wamarekani, aliyefariki mwaka 1892.

Ni kazi nzuri, nayo mwaka 1995 iliingizwa katika orodha ya filamu zinazohifadhiwa na taifa la Marekani. Walakini mtu akiitazama kwa makini ataona mambo mawili. La kwanza ni kwamba mji wa shairi na mji wa picha si mmoja. Shairi la Whitman lenye jina la mji huo lilitoka mwaka 1860, naye aliuona mji wa merikebu na milingoti. Daraja la Brooklyn halikuwapo. Lilifunguliwa mwaka 1883. Jengo refu la Woolworth halikuwapo. Lilimalizika mwaka 1913. Basi maneno yasifu mji mmoja na picha zaonyesha mwingine, na jina ni lile lile, wala filamu haisemi hata kwa ishara kwamba kuna kitu kimepita katikati. La pili ni nyuso. Whitman alikuwa mtu wa kutembea na watu, akipanda na madereva wa magari ya farasi na mabaharia wa vivuko, na mashairi yake yamejaa watu. Wale mabwana wawili walipenda mistari ya mawe na chuma, wakapiga picha nyingi kutoka juu, na kutoka juu binadamu huwa nukta iendayo. Maneno ya mshairi yaliingia katika filamu, na mshairi mwenyewe akaachwa nje ya mlango.

Sababu yake haikuwa uzembe. Iko katika chombo chenyewe. Lugha ya Kiswahili humwezesha mtu kusema alikuwapo, amekuwapo, angalikuwapo, atakuwapo, hayupo. Kamera haina viambishi hivyo. Kamera ina wakati mmoja tu, nao ni huu ulio mbele yake; hujua kusema yupo, wala haijui kusema hayupo. Ukiielekeza kwenye kiti kitupu, itaonyesha kiti. Kwamba kiti hicho kilikuwa cha mtu fulani, na kwamba hakalii tena, hilo halimo katika picha. Na mashairi ya miji, tangu yale mawe matatu ya jiko hata Pate, karibu yote ni mashairi ya hayupo. Basi anayetaka kulitia shairi la mji katika filamu kazi yake kubwa ni moja: kukifundisha chombo cha yupo kusema hayupo.

Kabla ya kuingia katika namna ya kufanya, hapana budi kupita kwa haraka katika suala ambalo wengi hulianza nalo, yaani hukumu ya picha. Ikhtilafu ya wanazuoni yajulikana. Wako waliozuia kila picha ya kiumbe chenye roho, wakaihesabu picha ya kamera kuwa sawa na ya mkono. Wako waliotofautisha, na miongoni mwao ni Sheikh Muhammad Bakhit al-Muti'i, aliyekuwa Mufti wa Misri tangu mwaka 1914 hata 1920, ambaye aliandika risala akasema kwamba picha ya kamera ni kukizuia kivuli tu, wala si kuumba sura. Mwenye kushika rai hii au ile ana hoja yake. Picha ya ukuta, ya maji na ya mlango haimo hata katika ugomvi huo. Na mzee ambaye hapendi sura yake ionekane, na aonyeshwe mkono wake juu ya tasbihi, au kivuli chake ukutani, au isikiwe sauti yake peke yake. Na huenda filamu ikafaidika, kama itakavyoonekana.

Wengi katika Afrika ya Mashariki wameiona filamu ya al-Risala, iliyotoka mwaka 1976, kazi ya Moustapha Akkad, mzaliwa wa Halab katika Shamu. Ilitengenezwa mara mbili, kwa Kiarabu na kwa Kiingereza, kila moja na waigizaji wake. Mtume, rehema na amani zimshukie, haonekani humo wala sauti yake haisikiki. Waigizaji humwelekea asiyeonekana, hunyamaza kama wanaomsikiliza, kisha hujibu. Na mara nyingine kamera yenyewe husimama mahali pake. Watu wamegombana sana juu ya filamu ile, na ugomvi huo hauna nafasi hapa. Lililo la faida ni hili: haya na heshima ya dini ilimlazimisha mtengenezaji kutafuta njia ya kumfanya asiyeonyeshwa ajulikane kuliko wanaoonyeshwa, naye akaipata. Mtazamaji hutoka akiwa amesahau nyuso nyingi za waigizaji, lakini ile nafasi tupu ambayo kila mtu aliielekea haisahau. Hapo chombo cha yupo kilisema neno jingine.

Sasa Al-Inkishafi. Mtu akiisoma polepole ataona kwamba sharifu yule, ambaye hakuona kamera maisha yake yote, alitembea katika jumba kama kamera itembeavyo. Anasimama nje, anaingia ukumbini, anapita vyumba vya ndani, anatazama juu anakuta popo, anatazama ukutani anakuta vidaka vilivyokuwa na vyombo vya Kichina vimekuwa viota vya ndege, anasikia wadudu wakilia mahali palipokuwa na sauti za watu. Ataja taa zilizofanya usiku kuwa kama mchana, na vitanda vilivyonakshiwa, na watu waliotembea kwa maringo, kisha ageuka mara moja aonyesha mchanga wa kaburi. Hawapitishi kwanza katika kuugua na kufa. Ubeti huu wamo katika hariri, na beti chache baadaye wamo ardhini. Wenye filamu huita jambo hilo kukata picha, nao hulisoma kwa miaka.

Njia rahisi ya kulitia shairi hili katika filamu ni kuwakodi watu, kuwavika majoho na hariri, kuwasha taa, kupanga sahani, kisha picha ififie na magofu yatokeze. Hiyo ndiyo itakayopendwa na wenye kutoa fedha, na yafaa ikataliwe. Mtu wa kukodi akivaa joho huonyesha mtu wa kukodi katika joho. Tena shairi halikutaka mtu aione ile karamu akaitamani. Lilitaka amkose mwenye karamu. Iliyo bora ni kuacha jicho libaki na kidaka kitupu, kwa muda mrefu kuliko alivyozoea mtazamaji, na sauti ya msomaji itaje yale yaliyokuwamo. Sikio lijazwe, jicho linyimwe. Mtu atakitia chombo cha Kichina katika kidaka kile kwa moyo wake mwenyewe, na ni moyo ndio uliokuwa ukisemeshwa tangu mwanzo.

Sauti, basi, ndiyo mwalimu wa kazi hii. Al-Inkishafi haikutungwa kwa macho. Kila ubeti una mishororo minne. Kila mshororo una mizani 10, na pumziko baada ya mizani ya sita. Mishororo mitatu ya kwanza hukubaliana kwa kina chao, na wa nne hushika kina kimoja tangu mwanzo wa shairi hata mwisho. Yeyote aliyewahi kuwasikia wenye sauti nzuri wakisoma tenzi ajua namna sikio linavyokingoja kile kina cha nne. Filamu na iufuate mpango huo. Picha tatu na zibadilike pamoja na mishororo mitatu, na ya nne irudi kila mara mahali pamoja, tuseme mlango uliobaki bila ya ubao wake. Mwanzo mtazamaji hatatambua. Baada ya beti kumi ataungoja mlango ule kama sikio lingojavyo kina. Na siku mlango ule utakaporudi na mtoto amesimama ndani yake, atashtuka bila ya kuambiwa neno.

Kwa hiyo kazi haianzi na kamera. Huanza kwa kunasa sauti ya msomaji, shairi zima, kwa mwendo wake mwenyewe, kisha picha zikatwe kwa kuifuata sauti. Nakala nyingi zina beti 77, nyingine huzidi kidogo. Mshororo mmoja ukichukua sekunde 5, shairi zima litachukua zaidi ya dakika 25. Vijana wengi hupiga picha kwanza, kisha humwita msomaji wakamwambia aharakishe kwa sababu picha zimekwisha. Hayo ni kumpima mtu kwa kanzu iliyokwisha kushonwa.

Iko taabu ya lugha. Shairi hili ni la lugha ya Kiamu na Kipate, na limejaa maneno ambayo mtu wa Gisenyi hayajui. Kiswahili cha hapa kilikuja kwa njia ya Ujiji na Tabora, pamoja na wafanya biashara na askari wa zama za Wadachi, kikachanganyika na cha Kongo. Wenye filamu huandika tafsiri chini ya picha, na macho ya watu hushughulika kusoma wakaacha kutazama. Lakini watu wa msikitini wanayo njia yao tangu zamani. Katika darsa mwalimu husoma maneno machache ya kitabu kwa Kiarabu, husimama, hueleza kwa Kiswahili cha watu waliokaa mbele yake, kisha huendelea. Hakuna anayechoka, na kila mtu hupata maneno ya asili na maana yake. Filamu yaweza kufanya vivyo hivyo: ubeti mmoja kwa sauti ya mtu wa Lamu au Pate, kisha mzee wa Gisenyi aueleze kwa Kiswahili cha Gisenyi, bila ya kuharakisha, na picha ikae kimya ikimsubiri. Kwa njia hiyo beti 77 zitakuwa nyingi mno; zichaguliwe ishirini, na zichaguliwe na mtu ajuaye shairi.

Na Pate yenyewe iaminiwe. Kosa la Manhatta lisirudiwe, la kuchukua maneno ya mji uliopita na kuyabandika juu ya mji ulioko kana kwamba ni mmoja. Pate haikufa. Watu wanaishi huko hata leo, kando ya magofu, na katikati ya kuta za zamani hulimwa tumbaku. Mkulima huyo asiondolewe mbele ya kamera ili magofu yaonekane mazuri. Yeye ndiye jibu moja la swali la mshairi, wala mshairi hakulijua.

Mtu atauliza: Pate ni mbali, Gisenyi ina nini na haya? Mji huu, ambao wilaya yake leo yaitwa Rubavu, umelala kando ya Ziwa Kivu, mitende na fukwe upande mmoja, na Goma imeungana nao upande wa pili hata mgeni asiyeonyeshwa mpaka hujui mji mmoja waishia wapi. Ni rahisi mno kuupiga picha nzuri. Kwa sababu hiyo ni vigumu kuufanyia filamu ya kweli, kwani jambo kubwa la mji huu halimo katika uzuri wake.

Mwaka 1994, katika mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi, watu wa mji huu waliuawa, na wengi waliletwa kuuawa mahali panapoitwa Commune Rouge, karibu na makaburi, ambapo leo pana jengo la ukumbusho. Swali la mshairi wa Pate, wako wapi, likiulizwa Gisenyi halibaki kuwa pambo la shairi. Wako watu waliokaa katika majlisi ya ukumbusho huu ambao wana majina ya kujibu.

Na hapa ndipo pahitajipo uangalifu kuliko mahali pote. Al-Inkishafi ina lawama ndani yake. Yawaonyesha watu wa mali na maringo, na jinsi dunia ilivyowageuka. Kijana akiyachukua maneno hayo, kwa kuwa ni mazuri, akayaweka juu ya picha za nyumba zilizobaki bila ya wenyewe mwaka 1994, atakuwa amewatwisha waliodhulumiwa lawama ya wenye kiburi. Wale hawakugeukwa na dunia kwa maringo yao. Waliuawa na watu, na baadhi ya watu hao walikuwa majirani zao. Hakuna uzuri wa picha utakaoondoa dhambi ya kosa hilo. Kadhalika Goma: tarehe 17 Januari 2002 mlima wa Nyiragongo ulipasuka, moto wa mawe ukapita katikati ya mji hata ukaingia ziwani, na watu laki kadhaa wakavuka kuja Gisenyi na magodoro vichwani, tarehe 22 Mei 2021 ukapasuka tena, na kwa siku kadhaa ardhi ikatetemeka, nyumba na barabara za Gisenyi zikapata nyufa. Watu husema haraka kwamba ni adhabu. Mwenye kulitia shairi katika filamu asiwasaidie kusema hivyo. Mama aliyevuka mpaka na watoto watatu hakuwa na vyombo vya Kichina.

Basi katika shairi lile na uchukuliwe mwendo wake na swali lake. Lawama iachwe pale alipoiweka mwenyewe, juu ya moyo wa yule anayetazama. Kwa lugha ya kamera hilo laweza kufanywa: baada ya chumba kitupu, kamera igeuzwe, waonekane watazamaji wenyewe wamekaa katika giza, wakiangaliwa na picha waliyokuja kuiangalia.

Wala hapana haja ya kuonyesha damu. Mnyarwanda Kivu Ruhorahoza, katika filamu yake ya mwaka 2011 iitwayo Matière grise, aliyaendea mambo ya mauaji kwa njia ya akili zilizovurugika za watu waliobaki, ndani ya vyumba vilivyofungwa, na mtazamaji hutoka akiwa amebeba mzigo mzito kuliko wa picha za maiti. Ng'ambo ya mpaka, Petna Ndaliko Katondolo wa Goma aliasisi Yolé!Africa, ambayo imewafundisha vijana wengi kushika kamera, naye mwenyewe amejulikana kwa filamu zisizofuata masimulizi ya kawaida. Na kuanzia mwaka 2005 tamasha la filamu la Rwanda lilizichukua filamu vijijini na kuzionyesha usiku uwanjani, juu ya skrini ya kujazwa upepo, bila ya malipo. Kwa hiyo wajuzi wako karibu, na watazamaji wamekwisha kuzoea.

Kilicho kichache ni sauti. Kiswahili cha mitaa ya Waislamu wa miji ya Rwanda, ambacho zama za Wabelgiji kilikuwa alama ya kumtenga mtu, mwaka 2017 kilifanywa kwa sheria kuwa mojawapo ya lugha rasmi za nchi. Watoto hujifunza Kiswahili cha vitabu, nacho ni kizuri. Lakini kile cha wazee wa Gisenyi, chenye maneno ya Ujiji na lafudhi ya Kivu, pamoja na kasida walizozisoma katika maulidi kwa sauti zao, kimo katika vifua vichache, na kila msimu wa mvua vifua hivyo hupungua. Ukuta wenye ufa waweza kupigwa picha mwaka ujao.

Yafaa kutaja picha moja ambayo mji huu unayo na Pate haina. Jioni wavuvi wa sambaza hutoka na mashua tatu tatu zilizofungwa pamoja, miti mirefu imetokeza mbele na nyuma, wakiimba ili makasia yaende sawa. Samaki hao si wenyeji. Waliletwa kutoka Ziwa Tanganyika mwishoni mwa miaka ya 1950, wakaja kwa njia ile ile kilipokuja Kiswahili, wakazaana hata leo hakuna mtoto wa hapa anayewahesabu wageni. Mashua huenda, jua huzama, na hufika wakati macho hayaoni mashua tena ila wimbo bado wasikika juu ya maji. Wapiga picha wengi hapo huzima kamera, kwa sababu hakuna cha kuona. Isizimwe. Iachwe itazame ziwa jeusi, na wimbo uendelee kupungua, hata taa ya kwanza ya wavuvi iwake mbali.

Ama kazi yenyewe, haihitaji fedha nyingi katika mwanzo wake. Vijana wawili na simu moja yenye kunasa sauti. Chumba ambacho dirisha lake limefungwa ili kelele za pikipiki zisiingie. Busati, na chai kwa mzee. Aulizwe kwanza kama yuko radhi sauti yake ihifadhiwe, na kama yuko radhi isikiwe na watu asiowajua. Kisha aachwe aanze na beti anazozipenda mwenyewe, na akikosea neno akarudia, kosa na kurudia vyote viwekwe.